Mji mwingine wa mawe, na mtu aliyeupima nguzo kwa nguzo

Hii stori nimekaa nayo zaidi ya mwaka. Kila nikianza kuiandika naona inakuwa ndefu naiacha, ila leo mvua imenizuia nyumbani huku Igogo, Mwanza, umeme hakuna, laptopu ina chaji nusu, acha niiandike hivyohivyo inavyokuja.

Ilianzia kwenye kalenda. Kuna duka la hadwea mjini upande wa Makoroboi ambako nanunuaga tepu, karatasi za kuchorea na vitu vya saiti (kwa wasionijua, kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba), sasa nyuma ya kaunta walikuwa wametundika kalenda yenye picha ya kilima cha majabali matupu, jabali juu ya jabali, jingine limekaa kwenye ncha kabisa unaona hili likipigwa na upepo linashuka, na chini yake mto na migomba. Mimi moja kwa moja nikajua ni kwetu. Nikamuuliza mzee mwenye duka, hii picha wamepigia wapi, nyuma ya Capri Point au Kayenze? Akaniambia, "Mama, hiyo siyo Mwanza, hiyo India. Panaitwa Hampi." Nikabisha. Nimezaliwa juu ya mawe, nimejifunza kutembea juu ya mawe, jiwe la Mwanza nalijua. Mzee akaichomoa kalenda kwenye msumari akanipa niende nayo.

Usiku ule nikaingia intaneti na sikulala mpaka saa tisa.

Kwanza mawe yenyewe. Ya Hampi na ya kwetu yote ni graniti, ya kale mno, zaidi ya miaka bilioni 2.5, na hakuna jitu lililoyapanga. Mwamba ulipasukapasuka ukiwa bado chini ya ardhi, maji yakaula polepole kwenye nyufa zake, kona zikalika mpaka zikawa duara, halafu mvua za miaka na miaka zikaondoa udongo, yakabaki yamesimama hivyo unavyoyaona. Yaani Jiwe la Bismarck pale ziwani na majabali ya Hampi yamelelewa malezi mamoja, bara tofauti tu.

Ila kule katikati ya mawe kuna mji. Jina lake la zamani ni Vijayanagara, maana yake Mji wa Ushindi. Inahesabiwa kwamba ndugu wawili, Harihara na Bukka, ndo waliuanzisha mwaka 1336 ukingoni mwa mto Tungabhadra, ukakua ukawa makao makuu ya dola iliyoshika karibu kusini yote ya India. Mwaka 1443 alifika mjumbe kutoka Uajemi, Abdur Razzaq, akaandika kwamba jicho halijawahi kuona mji kama ule. Miaka ya 1520 hivi akaja Mreno Domingo Paes, akapanda kilima ili auone wote, akashindwa kuumaliza kwa macho, akasema ulivyoonekana ni mkubwa kama Roma. Halafu Januari 1565 masultani wa Deccan (nyanda za juu za kusini mwa India) wakaungana, wakalishinda jeshi la Vijayanagara kwenye vita vya Talikota, mji ukaporwa, ukachomwa, wafalme wakahama na hawakurudi tena kukaa pale. Nyasi zikaota, wachungaji wakabaki na mbuzi wao.

Sasa huyo mtu. Anaitwa George Michell, ni Mwaustralia, mzaliwa wa Melbourne mwaka 1944. Alisomea usanifu majengo hukohuko kwao, halafu akaenda London kusoma mambo ya kale ya India mpaka udaktari. Mwaka 1980 yeye na Mmarekani mmoja mtaalamu wa akiolojia, John Fritz, wakaanza kazi Hampi wakishirikiana na idara ya mambo ya kale ya jimbo la Karnataka. Wengine walikuwepo kabla yao, tusiwasahau, Colin Mackenzie alisimamia ramani ya kwanza ya magofu mwaka 1799, Alexander Greenlaw akaenda na kamera lile likamera kubwa la wakati huo akapiga picha mwaka 1856, na Idara ya Akiolojia ya serikali ya India ilikuwa inafukua. Ila kufukua ni kitu kimoja na kupima ni kingine. Michell na Fritz hawakuja kuchimba. Walikuja kuuchukua mji kama ulivyo juu ya ardhi na kuuweka kwenye karatasi.

Hapo ndo moyo wangu ulipokamatwa, kwa sababu hiyo ni kazi yangu mimi. Kila mwaka kipindi cha ubaridi, jua likiwa limelegea, walikuwa wanapiga kambi, wanakuja wanafunzi wa usanifu kutoka India na nje, asubuhi wanatoka na tepu, karatasi na penseli. Eneo lote waliligawa miraba mikubwa wakaipa herufi, ndani ya mraba miraba midogo nayo ikapewa herufi, na ndani yake kila jengo likapewa namba. Nasema kila jengo. Siyo hekalu kubwa lenye mnara wa karibu mita 50 tu, hapana, hata kibanda kisicho na paa, hata geti lililobaki nguzo moja, hata msingi ambao wewe ungepita ukadhani ni mawe tu ya shambani. Kila kimoja kina namba yake, vipimo na maelezo yake, na yenye umuhimu yakachorwa kwa mkono plani (jengo likitazamwa kutoka juu), sekisheni (kama limekatwa katikati) na elevesheni (sura yake ya nje). Walifanya hivyo zaidi ya miaka ishirini. Orodha ya majengo ya katikati ya mji ikachapishwa mwaka 1990, ya upande wa mahekalu mtoni ikachapishwa mwaka 2001. Hebu fikiria hapo katikati ni miaka 11, mtu anarudi kilekile kijiji, mawe yaleyale, anapima.

Watu wengi wakisikia msomi wa majengo ya kale wanafikiri ni mtu wa kugundua dhahabu. Mimi naona kazi ya Michell ni ngumu kuliko dhahabu, maana dhahabu ukiipata siku moja umemaliza.

Mwaka jana mjomba wangu aliumwa, tukapewa rufaa ya kwenda India, Bangalore, na mimi ndo nikawa msindikizaji. Sitaandika habari za ugonjwa, ni za kwake. Alifanyiwa upasuaji, akaanza kuamka vizuri, halafu tukaambiwa kuna majibu tunasubiri siku tano. Siku ya pili mjomba akaniangalia akasema, "Mpwa wangu, umebeba ile kalenda ya nini kwenye begi? Nenda. Mimi hapa madaktari wapo, manesi wapo, na yule jirani Mkongo tunaongea Kiswahili." Nikakataa. Akasema, "Nimekuagiza." Basi nikapanda treni ya usiku, asubuhi nikashuka Hosapete, nikachukua bajaji, bajaji hizihizi zetu, kama kilomita 13, na ile tunakata kona ya mwisho majabali yakatokea pande zote mbili za barabara, nikalia. Dereva akasimamisha akidhani naumwa.

Nilikuwa na siku mbili na nusu, na nilishachagua sehemu za kwenda.

Kitu cha kwanza nilichotafuta siyo hekalu, ni alama za wapasua mawe. Babu yangu mzaa mama alikuwa mpasua mawe Mabatini. Kule kwetu mnajua inavyofanyika, unawasha moto juu ya jabali, kuni au tairi kuukuu, mpaka lipate joto sawasawa, halafu nyundo, linaachia vipande, vikubwa vinaenda msingi, vidogo akina mama wanavigonga kokoto. Babu alikuwa anasema jiwe lina njia yake, ukiijua njia yake halikusumbui, usipoijua utapiga nyundo mpaka jioni. Hampi majabali mengi yana mashimo madogo ya mraba yamepangwa mstari mmoja kama mshono wa cherehani. Wale walikuwa wanatoboa, wanachomeka kabari, wanaendelea kuzibana mpaka jiwe linafunguka kwenye ule mstari, nyoofu, kama mkate. Mengine waliyaacha njiani, mashimo yapo, jiwe halijapasuka, kama vile fundi ameenda kula mchana atarudi. Niliweka kidole ndani ya shimo moja. Nikafikiria babu angesemaje, maana yeye alikufa bila kujua kuna watu walishawahi kushindana na jiwe la aina ileile wakajenga mji mzima.

Halafu nikaenda kwenye bwawa la ngazi. Hili lilikuwa limefunikwa na udongo, likafukuliwa miaka ya 1980, ngazi za jiwe jeusi zinashuka pande zote nne mpaka chini, safi kabisa, utasema zimekatwa kwa mashine. Kwenye mawe yake kuna maandishi madogo, siyo dua wala jina la mfalme, ni alama za mafundi, hili jiwe linakaa upande gani, safu ya ngapi, la ngapi kwenye safu. Kama unavyoandika namba kwenye mbao za kitanda kabla hujakifungua kuhama. Mimi na saiti zangu zote sijawahi kuona kitu kilichonigusa vile, maelekezo ya fundi kwa fundi, na bado unaelewa.

Ile sehemu ya ikulu ndo inahitaji mtu kama Michell akueleweshe, la sivyo utapita. Majumba ya wafalme hayapo. Yalijengwa juu kwa mbao na plasta, yakaungua, yakaoza, kilichobaki ni majukwaa ya mawe tu, yenye matundu ya kusimamishia nguzo. Mtalii anaona uwanja wa mawe anaondoka. Sisi wa Mwanza tunaielewa hii bila kufundishwa, nyumba ngapi huku milimani zina msingi wa mawe wa nguvu kabisa, juu tofali za udongo, mvua ya masika ikija juu kunaondoka msingi unabaki? Nenda juu ya Mabatini hesabu misingi isiyo na nyumba. Michell na wenzake waliyahesabu hayo majukwaa kama majengo kamili, wakayachora, na kwa kuyachora ndo kikaonekana kitu ambacho hakijaandikwa popote. Barabara za mji zilikuwa zinaelekea kwenye hekalu moja dogo tu la Rama, mungu wa Kihindu, lililo katikati ya makazi ya mfalme na sehemu anapotokea mbele ya watu. Hekalu hilo limepangwa mstari mmoja na kilima cha Matanga upande wa kaskazini, ambacho kileleni kina hekalu lake. Kwa hiyo mfalme, mungu na mlima walikuwa kwenye mstari mmoja. Fritz aliifikiria sana hii. Na hicho kitu huwezi kukiona kwa macho ukiwa unatembea, unakiona ukiwa na ramani iliyopimwa vizuri. Nilisimama pale na simu yangu yenye dira nikageukia kaskazini, Matanga hiyo hapo, imekaa palepale. Nilisimama muda mrefu.

Kitu kingine nilichojifunza ni kutoamini majina. Mabanda ya Tembo, Bafu la Malkia, Jumba la Yungiyungi, haya majina yamekuja baadaye, watu wa enzi zile hawakuyaacha yameandikwa ukutani. Yale mabanda ya tembo ni vyumba 11 vimepangwa mstari, kila kimoja na kuba lake, na kuba ni ujenzi wa Kiislamu, wakati huu ni mji wa wafalme Wahindu waliopigana na masultani. Na kuna msikiti pale, wa mwaka 1439, ulijengwa na Ahmad Khan, ofisa wa mfalme Devaraya wa pili. Ukiutazama haraka hutajua ni msikiti, una nguzo na paa kama kumbi za mle mle mjini. Michell ameandika sana kuhusu huu mchanganyiko na mimi nakubaliana naye kabisa, mafundi hawagombani. Fundi akiona kitu kizuri kwa jirani anakichukua. Maduka yetu ya zamani mjini Mwanza yana varanda na urembo wa Kihindi juu, na msingi umepasuliwa na Wasukuma kama babu yangu, nani atasema ni jengo la nani?

Kuna jambo lilinikwaza pia, nitalisema. Mbele ya hekalu la Virupaksha kuna barabara ndefu ya soko la zamani, vibanda vya nguzo za mawe pande zote mbili, na miaka mingi kulikuwa na watu wanaishi na kufanya biashara humo. Mwaka 2011 nyumba na maduka yao yakabomolewa ili magofu yaonekane, watu wakahamishwa. Naelewa sababu, sehemu iko kwenye urithi wa dunia tangu 1986, na watu walikuwa wanajenga juu ya nguzo za kale. Ila mimi natoka mlimani, najua alama ya X nyekundu ukutani inafanya nini kwa mama mwenye watoto. Soko bila wauzaji ni nguzo tu. Kama kuna orodha ya kila jiwe basi wale watu nao walistahili kuandikwa vizuri kabla hawajaondolewa, hata kama ni jina na kibanda alichokuwa anauzia chai.

Maji nayo. Mifereji iliyochimbwa enzi za wafalme bado inamwagilia migomba na mpunga mpaka leo, mmojawapo unaitwa Turutta, nilikaa ukingoni mwake nikatia miguu. Sisi ziwa tunaliona chini hapo, lote lile, na kulipandisha mlimani bado ni ndoo kichwani.

Nilirudi Bangalore majibu yametoka mazuri, tukarudi nyumbani, na mimi nikaanza.

Nilichagua jengo moja la duka la zamani katikati ya mji, sitalitaja wala mwenyewe simtaji. Ghorofa moja, mbele juu pameandikwa mwaka kwa plasta lakini tarakimu ya mwisho imebanduka, inasomeka 193 halafu kidonda. Nikaomba ruhusa kwa wapangaji, nikawa naenda Jumapili asubuhi maduka yakiwa yamefungwa, na kijana wangu mmoja wa kushika tepu. Ngazi ya mbao, mikono yake imelainika kwa kushikwa. Milango ya kukunja mbao nane. Ukuta wa chini unene wake sentimita 52, nilipima mara tatu sikuamini. Nikamaliza chini, nikachora, Jumapili ya nne nilikuwa nipande juu. Nikafika nikakuta mabati yamezungushwa na katapila ndani. Ijumaa walikuwa wameanza. Wale wapangaji walikuwa wamepewa notisi siku nyingi, mimi sikujua, na hakuna aliyekuwa na wajibu wa kuniambia. Nilisimama nje ya mabati na karatasi zangu. Nina plani ya chini ya jengo hilo, na ninaamini ni mimi peke yangu ninayo. Ya juu sina, na hakuna atakayekuwa nayo tena.

Wiki mbili sikushika penseli. Halafu nikawa nafikiria wale wa Hampi, mji ulishabomolewa tangu 1565, wao wamekuja miaka mia nne na zaidi baadaye, na hawakukaa kulilia ya juu. Walipima ya chini. Nikaona basi na mimi nianzie nyumbani.

Kwa hiyo sasa hivi napima kilima chetu. Nimekigawa miraba kwenye picha ya satelaiti, nimeipa herufi, na kila nyumba ina namba, na jabali lililoingia ndani ya nyumba nalo nalichora, maana huku jabali ni sehemu ya nyumba, kuna jirani yangu ukuta wa chumbani kwake ni jiwe na anapangia vyombo juu yake. Naandika nani alijenga, jiwe lilitoka wapi, nani alipasua. Nimemaliza nyumba 31. Vijana wawili wa chuo wananisaidia, nao wamekuja wenyewe tu.

Juzi Jumamosi tulikuwa kwa babu. Nyumba yake haipo tena, ilianguka mwaka nikiwa darasa la tano, ila msingi upo, umekumbatia jabali kubwa kwa nyuma, na kwenye jabali kuna weusi wa moto aliouwasha mwenyewe akitafuta njia ya jiwe. Mjomba alipanda nasi, kapanda taratibu na fimbo, alikuwa hajafika pale tangu arudi India. Vijana wakataka kushika tepu akawaambia waache. Akainama, akabana ncha ya tepu kwenye kona ya msingi kwa kidole gumba, mimi nikarudi nyuma nayo mpaka jabalini.

"Soma, mama," akasema.

"Mita nne na sentimita themanini na tatu."

"Andika," akasema, na hakuachia mpaka aliponiona nimeandika.